Kushinda mwaloni

Swali limetoka kwa msomaji wa Sengerema, binti aliyemaliza chuo mwaka jana. Sehemu ya barua yake inasema hivi: "Shikamoo kaka. Bibi yangu anaanika dagaa kwenye mwalo wa kijijini kwetu, ufukweni mitumbwi inaposhushia samaki. Nataka kutengeneza filamu ya hali halisi, isiyo na msimulizi wala mahojiano, watu waonekane tu wakiishi na ziwa lao. Nimeenda mara tatu na kamera ya kuazima. Watu wananipungia mikono, watoto wanajaa mbele ya lenzi, na nilichorudi nacho kinapendeza macho lakini hakina kitu ndani. Rafiki zangu wanasema niweke muziki na sauti ya msimulizi. Nimekosea wapi?" Ameambatanisha dakika 40 za video.

Marahaba, mdogo wangu.

Dakika zako nimezitazama zote, mara mbili, ya pili nikiwa na kalamu mkononi. Yamo machweo manne. Umo mtumbwi unaopita mbele ya jua, na kunguru juu ya jiwe, na mbuzi. Mikono ya bibi yako imo pia, karibu kabisa, inatandaza dagaa juu ya chanja. Hapo nilisogeza kiti. Sekunde sita tu, nikajikuta tena kwa mbuzi. Shoti yako ndefu kuliko zote ina sekunde 19, nayo ni ya wingu.

Kamera haina kosa, na kijiji hakina kosa. Ulichokosea ni muda. Rafiki zako wana sababu ya kukushauri muziki: vipande vinavyorukaruka namna hiyo vinataka gundi, na muziki ni gundi ya bei rahisi. Msimulizi naye ni gundi. Ila ukianza kutafuta gundi, umeshakubali kwamba ulicholeta nyumbani ni vipande.

Kiswahili kina neno la kazi hii, nalo lilikuwepo kabla kamera hazijatufikia. Neno lenyewe ni kushinda. Ukirudi jioni hakuna anayekuuliza umetazama nini. Unaulizwa umeshindaje, na umeshinda wapi. "Leo nimeshinda kwa shangazi." Aliyeshinda kwa shangazi hakwenda kumwangalia shangazi. Alikaa, akamenya mihogo, akasikia habari moja mara tatu, akasinzia kidogo, akamwona shangazi akigombana na muuza mkaa na kisha akicheka naye. Watu wa dagaa wana neno la pili, kukesha. Wewe, kwa maelezo yako mwenyewe, ulikuwa ukifika mwaloni saa nne asubuhi na kuondoka saa nane kuwahi gari. Hukushinda. Ulipita kusalimia, ukiwa na kamera.

Nakusema, lakini kosa hilo nililifanya kabla yako. Miaka mingi iliyopita nilikuwa kwenye mwalo mmoja Ukerewe, dagaa wa mitumbwi kadhaa wametandazwa juu ya mchanga kuanzia majini hadi kwenye mibuyu, mchana, jua kali. Upande wa ziwa likainuka wingu, jeusi chini na jeupe juu kama pamba iliyopasuka. Nikageuza stendi na kuanza kulirekodi. Zuri ajabu. Nyuma yangu nikasikia mfagio mmoja, halafu mifagio mingi, halafu mama mmoja anaita majina ya watoto wake kwa mfululizo bila kuvuta pumzi, beseni zinagongana, mtu anacheka, mtu analaani. Nikajiambia nimalize kwanza wingu langu. Nilipogeuka, mchanga ulikuwa mtupu, dagaa wako chini ya maturubai, na matone ya kwanza yanaanguka. Nilirudi Mwanza na wingu. Wingu la namna ile unaweza kulipata popote ulimwenguni.

Nilirudi kulekule baadaye, nikakaa wiki mbili. Safari hiyo niliweka kamera kwa mama mmoja tu na sikumwacha. Alikuwa anageuza dagaa kwa mfagio, taratibu, hatua kwa hatua. Akatazama juu. Akaendelea. Akatazama tena, safari hii kwa muda mrefu zaidi, akasema neno moja kwa jirani yake bila kumgeukia. Jirani naye akatazama. Mfagio ukaanza kwenda kasi. Wingu lenyewe halimo kabisa katika shoti ile, dakika nne na ushee, mpaka tone la kwanza linapoanguka kwenye mchanga. Niliyemwonyesha hakuuliza wingu liko wapi. Dagaa wakinyeshewa hubadilika rangi na kunuka, na mnunuzi huwachukua kwa bei ya kutupa, wa chakula cha kuku. Yote hayo yalikuwa katika namna mama yule alivyonyanyua kichwa.

Siku hiyo ndipo nilipoelewa mahali mandhari inapokaa. Umeniandikia kwamba unataka "kuonyesha ziwa na watu wake", na umepiga ziwa peke yake, kisha watu peke yao. Ziwa la bibi yako liko kwenye shingo yake inapogeuka. Kilima cha nyuma ya kijiji ni pumzi za mtu anayekipanda na ndoo kichwani, na upepo ni ile kanga anayoikaza mara ya tatu. Mpige anayefanya kazi mahali hapo, naye atakuonyesha mahali penyewe.

Kwa hiyo, tafuta kazi moja yenye mwanzo na mwisho. Bibi yako anayo tayari. Mitumbwi inarudi alfajiri. Dagaa wabichi wananunuliwa kwa ndoo pale pale majini, kwa kelele. Wanabebwa, wanatandazwa, wanageuzwa, wanachambuliwa, wanakusanywa, wanafungwa kwenye magunia yanayongoja kwenda Mwaloni, Kirumba, na kutoka hapo hadi nchi za jirani. Jua likiwa zuri, ni kazi ya siku moja. Likinuna, ni mbili au zaidi, na hapo una filamu. Washa kamera kazi inapoanza, usiizime mpaka iishe au betri ife. Unaogopa mtazamaji atachoka? Atachoka na machweo. Mtu akianza kushona mdomo wa gunia mbele yake, hatoki mpaka aone fundo.

Neno kidogo kuhusu tulikotoka, kwa sababu umeniuliza kama jambo hili la filamu isiyo na msimulizi "linakubalika". Kabla ya mwaka 1960 hivi, kamera za sinema zenye uwezo wa kunasa sauti ya watu wakizungumza zilikuwa mizigo ya kubebwa na gari, ndiyo maana filamu nyingi za vijijini zilipachikwa sauti ya bwana mmoja anayetueleza tunachokiona. Kisha Marekani na Ufaransa wakapata kamera za milimita 16 za kubebwa begani, na tepurekoda ndogo inayokwenda sambamba na picha. Robert Drew na Richard Leacock kule Marekani, Jean Rouch kule Ufaransa, kila mmoja kwa njia yake, wakaanza kufuata watu badala ya kuwapanga. Kwetu Afrika Mashariki, mwaka 1968 David MacDougall na mkewe Judith walirekodi maisha ya wafugaji Wajie wa Karamoja, Uganda, na baadaye Waturkana wa Kenya, wakaacha watu waongee lugha yao na tafsiri ikaandikwa chini ya picha. Leo tunaliona jambo la kawaida, lakini zamani mfugaji wa Kiafrika kwenye filamu alikuwa hana sauti, ana msimulizi.

Nakupendekezea pia umjue Raymond Depardon, Mfaransa aliyezaliwa shambani mwaka 1942. Alianza kwa kupiga picha za habari duniani kote, na ukubwani akarudi kwa wakulima wadogo wa milimani Ufaransa, familia zilezile, kwa muda wa karibu miaka kumi. Kamera kwenye stendi, jikoni, na mkewe Claudine Nougaret akirekodi sauti. Wazee wale wanakunywa kahawa. Wananyamaza. Mmoja anauliza bei ya ndama. Ukitazama unadhani hakuna kinachotokea, halafu unagundua kwamba shamba linakufa mbele yako, na hakuna aliyelisema. Miaka kumi, mdogo wangu. Wewe una safari tatu.

Hapo hapo nikuondoe kwenye ndoto moja. Umeandika kwamba unataka "watu wasahau kuwa kamera ipo". Hawatasahau, na huna sababu ya kutaka wasahau. MacDougall mwenyewe, katika miaka ya 1970, aliandika akiihoji fikra hiyo ya mpigaji asiyeonekana. Mgeni mwenye kamera ni mgeni. Unachoweza kupata ni watu kukuzoea, kama wanavyomzoea mwalimu mpya au muuza mitumba wa Jumatano. Siku ya kwanza unashangaza, siku ya tano unaagizwa: "We binti, nishikie hilo turubai." Ukiagizwa, shika. Shoti imekupita lakini kazi yako imeanza.

Watoto ndio rahisi kuliko wote, ingawa ndio waliokukera. Usiwafukuze; ukiwafukuza wanakuwa mchezo wa siku nzima. Wavalishe hedifoni kwa zamu, wasikie maji na nyayo zao wenyewe zikiwa kubwa masikioni. Waache watazame kwenye kioo cha kamera. Siku ya tatu watakuwa wamekuchoka, wamerudi kuogelea, na mmoja atabaki. Huyo mmoja mpe kubeba maiki. Kila mwalo unaye.

Wakubwa wana hoja nzito zaidi, na usiwaone wakorofi wakikuuliza picha zinakwenda wapi. Mwanza ina kumbukumbu ya kamera. Mwaka 2004 ilitoka filamu ya mtengenezaji kutoka Ulaya kuhusu biashara ya minofu ya sangara, ambayo hapa tuliizoea kwa jina la filamu ya mapanki, yaani mifupa na vichwa vinavyobaki minofu ikishatolewa. Ilisifiwa sana ng'ambo, na mwaka 2006 Rais Kikwete akailaani hadharani kwamba imeichafua nchi. Wako waliomuunga mkono, wako waliosema filamu imesema ukweli mchungu, na ubishi huo bado unaweza kuuanzisha kijiweni Igogo leo mchana. Mimi ninalolishika ni dogo: mama anayekaanga mapanki alijikuta anatazamwa na dunia nzima, na dunia hiyo yeye hakuwahi kuiona. Ukielewa hilo utaelewa kwa nini mzee wa mwaloni anakukazia macho.

Kwa hiyo nenda kwa mwenyekiti wa kijiji, nenda kwa viongozi wa BMU, kikundi cha usimamizi wa uvuvi cha mwalo wenu, jieleze. Uliza Bodi ya Filamu kuhusu kibali kabla hujarekodi tena wala kutangaza kazi popote. Wengi wetu tumeyajua haya tukiwa tumeshachelewa. Tangu Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, ridhaa ya mtu unayemrekodi si jambo la adabu peke yake. Ila karatasi yenye sahihi haitoshi kwa mtu ambaye hajui amesaini nini. Mimi jioni hutandika kitambaa ukutani au natumia simu tu, nawaonyesha tulichopata mchana. Ndiyo ridhaa ninayoiamini, kwa sababu mtu anakubali kitu alichokiona. Tena wanakosoa vizuri kuliko walimu wa chuo. Mama mmoja aliniuliza, "Mbona umepiga miguu yangu tu, kwani mimi kuku?" Nilikuwa najidai na ile shoti ya miguu. Haimo kwenye filamu.

Kuna jambo moja sitaki ulijifunze kwa kuumia, au kwa kuumiza. Ukikaa mwaloni vya kutosha utaona nyavu zisizoruhusiwa, makokoro na wenziwe. Kamera yako inaweza kumpeleka mtu mahakamani, mtu aliyekukaribisha ugali. Wengine watakwambia mtengenezaji wa filamu za kweli haachi kitu. Mimi nazima. Ukitaka kufanya filamu ya uvuvi haramu, ifanye waziwazi, watu wakijua. Isiwe kitu kilichodondokea kwenye filamu ya bibi yako.

Fedha, kwa kifupi: usimlipe mtu afanye kitu mbele ya kamera, maana kesho atakifanya kwa ajili ya kamera. Lakini usiende mikono mitupu. Sukari na majani ya chai kwa kaya unayoshinda, dagaa ununue kwa bei ya mwaloni bila kulia shida, na filamu ikipata chochote kijiji kijue.

Wala usimwombe bibi arudie. Nimeisikia sauti yako kwenye dakika ya 22: "Bibi, mwaga tena kidogo." Akamwaga tena, akiwa amenyooka mgongo kama yuko kwenye picha ya pasipoti. Uzuri wa kazi za kijijini ni kwamba zinajirudia zenyewe. Ulichokikosa leo atakifanya kesho, bila kuombwa, akiwa ameinama vilevile anavyoinama siku zote.

Sasa mambo ya fundi.

Jua la Mwanza halina subira. Tuko nyuzi mbili na nusu tu kusini mwa ikweta. Jua linachomoza karibu saa 12 na dakika 40 asubuhi, linazama kabla kidogo ya saa moja jioni, tofauti yake mwaka mzima ni ya nusu saa hivi, na likishazama una kama dakika 20 za mwanga laini, basi. Utosini linafika saa saba kasoro. Katikati ya Machi na mwishoni mwa Septemba linasimama wima kabisa, kofia ya mtu inafunika uso wote kwa giza. Wapigaji wengi huzima kamera saa nne na kulala mpaka saa kumi. Kwa dagaa huwezi, kwa sababu jua hilo hilo baya ndilo kazi yenyewe. Kwa hiyo mchana usipambane na nyuso. Shuka chini, kamera iwe usawa wa mtu aliyechuchumaa, na utumie mchanga wenyewe: unarudisha mwanga juu na kujaza nyuso zilizoinama. Bibi akiwa anachambua, uso wake unaangazwa na dagaa. Jaribu uone, dagaa mkavu ni kioo.

Sauti ndiyo iliyokuharibia zaidi, na wengi hawaioni kwa sababu sauti haionekani. Mchana upepo unatoka ziwani kuja nchi kavu, usiku unageuka. Video zako za saa tano na kuendelea ni mngurumo mtupu. Maiki ivalishe manyoya, yale ya kukinga upepo, au ukiwa huna, soksi nene na kipande cha sponji vinasaidia, nimefanya hivyo miaka miwili. Simama mgongo kwa ziwa. Halafu, kila siku, kaa dakika tano bila kupiga picha yoyote, rekodi sauti tu: mashine ya boti ikiwa mbali, redio ya kibanda cha chipsi, ng'ombe wanaoshuka kunywa, salamu za Kisukuma, mwadila, zikiitwa kutoka upande mmoja wa njia hadi mwingine. Muziki wa redio uangalie, una wenyewe, na ukitaka kuirusha filamu watakudai. Usisogee karibu na spika kama mazungumzo ndiyo unayoyataka.

Mazungumzo hayo mengi yatakuwa Kisukuma au Kizinza, pengine vyote viwili katika sentensi moja. Usiyatafsiri wewe uliyekulia mjini, umeniambia mwenyewe lugha unaisikia nusu. Keti na mtu wa pale pale, mwende neno kwa neno. Utani wa wanawake wakichambua dagaa una mitego ambayo kamusi haiwezi kuitegua.

Usiku ni habari nyingine, na najua unautamani. Dagaa wanavuliwa gizani, kwa taa. Mwezi ukiwa mkubwa taa haina nguvu ya kuwavuta, kwa hiyo wavuvi wanapumzika, wanatengeneza nyavu, wanakwenda makwao, kambi inakuwa kimya. Kalenda yako ya kurekodi ifuate hiyo: giza la mwezi kwa kazi, mbalamwezi kwa mapumziko, na mapumziko nayo uyarekodi. Ushauri wangu ni kwamba filamu ya kwanza usiingie ziwani usiku. Ngurumo na mvua za ziwa hili hupenda kuumbika juu ya maji usiku wa manane hadi asubuhi, upepo wa nchi kavu unapokutana katikati, na mtumbwi wenye taa na nyavu hauna nafasi ya mtu anayetazama kioo badala ya mawimbi. Siku ukienda, vaa jaketi la kuokolea maisha na uliache mwilini, hata wakikucheka.

Ukiwa nchi kavu unazo taa. Zile nukta zilizopangana kwenye upeo, kama mji uliojengwa ziwani kwa usiku mmoja, zipige kutoka alipokaa mtu anayezisubiri. Zamani zilikuwa karabai, za manjano, zenye sauti ya kuvuma mtu akikaribia. Siku hizi nyingi ni za betri na sola, nyeupe, kimya. Rangi ya picha iweke kwa mkono, ukiiachia kamera itahangaika. Kwenye vibanda vyenye umeme wa gridi, shata iwe 1/50 na fremu 25 kwa sekunde, la sivyo taa zitakuwa zinapepesa. Usiwashe taa yako mwenyewe. Kwanza utawapofusha watu, pili utaita wale wadudu wadogo wa ziwani, wanaoinuka juu ya maji kama moshi wa moto wa nyika, nao wakishakaa kwenye lenzi usiku wako umekwisha.

Umeniuliza pia kuhusu droni, kwamba rafiki yako anayo. Inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga, lakini sababu yangu ya kukuzuia ni nyingine: kijiji chenu hakuna anayekiona hivyo isipokuwa mwewe. Na katika nchi hii ya miamba, kwenda juu ni bure. Muulize yule mtoto wa maiki ni jiwe gani wanalopanda kutazama boti zikirudi. Panda naye. Hapo una picha ya juu ambayo ina mtu ndani yake, na sababu ya kuwa pale.

Jiwe hilo ulifanye lako. Kila ukienda, weka stendi mahali palepale, urefu uleule, dakika tano. Ziwa linatembea, mdogo wangu: mwaka 2020 lilipanda likala fukwe na nyumba, likapanda tena 2024. Mwalo wa bibi yako wa leo si lazima uwe wa mwakani. Ukiwa na picha za jiwe moja kwa miaka mitatu huhitaji msimulizi wa kusema chochote kuhusu maji.

Nasema hivi kwa uchungu wangu mwenyewe. Miaka yote niliyokuwa nikienda Sengerema na Geita nilikaa kwenye foleni ya kivuko cha Kigongo, nikinunua karanga na mayai, nikiwatazama kondakta wakigombea nafasi, walokole wakihubiri kati ya malori, kina mama na beseni za samaki wa kukaanga wakijua sekunde hasa ya kupandisha bei, yaani geti linapoanza kufunguliwa. Kila safari nilijiambia hii foleni ni filamu, nitakuja kuipiga nikitulia. Juni 2025 daraja likafunguliwa, kilomita tatu hivi, unavuka ukiwa hujamaliza soda. Mgonjwa hangoji tena kivuko usiku, na hakuna mwenye akili anayeililia foleni. Ila kwenye maktaba yangu yote, ya foleni ile, nina sekunde 11 za simu, na nusu yake ni dashibodi.

Kuhariri tutaongea ukiwa na cha kuhariri. Kwa sasa jua hili moja: ukirudi, tazama kila kitu, hata kile unachokionea aibu, na andika kwa mkono kinachotokea, siyo unachodhani kinamaanisha. "Bibi anakohoa. Anahesabu ndoo kwa vidole. Anabishana na mnunuzi, mnunuzi anaondoka, anarudi." Kisha uone ni wapi ulikata kabla mambo hayajaisha. Utapakuta karibu kila mahali, nasi sote tulianzia hapo.

Kamera ya kuazima irudishe kwa sasa. Subiri mwezi upungue, giza la mwezi likiingia nenda kwa bibi na daftari tu. Lala pale, uamke naye, ushinde mwaloni siku mbili kamili, ubebe ndoo. Hesabu mara ngapi kwa siku ananyanyua kichwa kutazama juu, saa ngapi, na anafanya nini mara baada ya hapo. Karatasi hiyo nitumie kabla ya video nyingine yoyote. Na umwambie ndoo moja ya wale wa chanja ni yangu, asimuuzie mtu, nitapitia wikiendi nikienda Geita.